Pikipiki ya umeme kwa Pinga: swali la kwanza ni bodi, si batri

Pinga – Kila redio inapotaja magari ya umeme, mazungumzo ya watu wa Pinga huelekea upande mmoja tu: mawe. Wanataja koltani ya Rubaya katika teritware ya Masisi, wanataja kasiterite ya Bisie katika teritware ya Walikale, na kwa kuwa Pinga imekaa pale teritware hizo mbili zinapokutana, si vigumu kumpata mtu ambaye ndugu yake amechimba huku au amebeba kule. Wanaosema hivyo hawakosei. Koltani inatoa tantali, inayowekwa ndani ya vijisehemu vidogo vya elektroniki vinavyotunza na kutuliza umeme. Kasiterite inatoa bati, na bati ndiyo inayoshikanisha vipande vya karibu kila chombo cha umeme. Rubaya peke yake inakadiriwa kutoa karibu asilimia 15 ya koltani ya dunia. Mgodi wa kampuni ya Alphamin kule Bisie ulitoa zaidi ya tani 17,000 za bati mwaka 2024.

Lakini mazungumzo yakiishia hapo, nusu ya gari inabaki nje. Gari la umeme si batri na waya tu. Lina bodi, au karoseri kama mafundi wa Goma wanavyosema, lina chasi na milango, na kazi kubwa ya wahandisi wake siku hizi ni kuvipunguzia uzito vitu hivyo. Wanaacha chuma na kuchukua nyuzi zilizoshikanishwa kwa gundi ngumu. Wenyewe wanaita kompoziti. Neno ni geni, lakini kitu chenyewe kinajulikana Pinga kuliko wengi wanavyofikiri, na swali linaloletwa nacho, yaani uzito na matengenezo, linawagusa wakaaji na familia zilizohama makwao kuliko swali la nani anamiliki kiwanda cha batri Ulaya au Uchina.

Anayetaka kuelewa kompoziti aangalie bache inayofunika vibanda vya waliokimbia vita. Ile inayogawiwa na HCR ina mita 4 kwa 5 na uzito wa karibu kilo 4. Ikipasuka pembeni, ndani zinaonekana nyuzi nyeusi zilizofumwa kama kitambaa, na juu na chini zimefunikwa na plastiki laini. Nyuzi peke yake zingepitisha mvua. Plastiki laini peke yake ingechanika siku ya kwanza ya upepo. Zikiwa pamoja, zinabeba mvua ya miezi. Ukuta wa nyumba ya miti na udongo ni vilevile: udongo unaziba na kusimama, fito na majani vinazuia ukuta usipasuke. Hata ubao ni nyuzi ndefu za mti zilizoshikwa na gundi ya mti wenyewe, na ndiyo maana ubao unapasuka kirahisi kufuata nyuzi na ni mgumu kukatika kwa kuzikinga.

Wahandisi wa magari wamefanya jambo hilohilo, ila kwa nyuzi nyingine. Ya kwanza ni nyuzi za kioo: kioo kinayeyushwa, kinavutwa kuwa uzi mwembamba, kinafumwa, kisha kinalowekwa katika gundi inayoitwa resini, ambayo ikikauka haiyeyuki tena. Ya pili ni nyuzi za kaboni. Hizo zinatoka kwenye uzi wa plastiki unaochomwa bila hewa kwenye joto la zaidi ya digrii 1,000 mpaka ibaki kaboni karibu tupu. Kipande cha kompoziti ya kaboni kina uzito wa karibu sehemu moja ya tano ya chuma chenye ukubwa uleule, na kikipangwa vizuri hakizidiwi na chuma kwa nguvu.

Gari lililofanya jambo hili lijulikane ni BMW i3 la Ujerumani, lililotengenezwa Leipzig tangu 2013 hadi 2022, magari kama 250,000 hivi. Chumba cha abiria kilikuwa cha nyuzi za kaboni. Nyuzi hizo zilichomwa Moses Lake, mji wa Marekani, kwa sababu kule umeme wa maporomoko ya maji ni wa bei nafuu. Watu wa Kivu Kaskazini, wenye mito inayoshuka kila upande na vijiji vinavyolala gizani, wana sababu ya kulirudia hilo mara mbili. Na ndani ya milango ya gari hilohilo la bei kali kulikuwa na nyuzi za kenafu, mmea wa ukoo mmoja na ngai-ngai inayopikwa sufuriani.

Kwa nini taabu yote hiyo? Kwa sababu ya batri. Litre moja ya esansi ina uzito wa robo tatu ya kilo. Injini ya pikipiki inapoteza sehemu kubwa ya nguvu yake kwa joto, na kinachofika kwenye gurudumu ni kama kiloweti-saa 2 hivi. Batri ya lithiamu yenye kiloweti-saa 3 inafikisha zaidi kidogo ya hapo, kwa sababu mota ya umeme haipotezi sana, lakini batri hiyo ina uzito wa kilo 20 na zaidi. Kwa hiyo upande mmoja kuna chupa moja na nusu ya esansi ya kadhafi wa kando ya barabara, upande mwingine kuna mzigo unaolingana na bidoni ya maji iliyojaa. Mtengenezaji akishabeba batri ya namna hiyo, analazimika kutafuta kilo za kupunguza mahali pengine, na mahali penyewe ni bodi.

Mpaka hapo wauzaji wa wepesi wana haki. Lakini kuna jambo wasilolisema. Tuchukue pikipiki, dereva na mzigo wake, kilo 300 kwa pamoja, ipande mlima wa mita 1,000. Kazi ya kupanda peke yake inakula kama kiloweti-saa 0.8. Ukiondoa kilo 15 kwenye bodi kwa kuweka kompoziti ya bei ghali, unaokoa 0.04 tu. Karibu si kitu. Matope, tairi zisizo na pumzi na mawe ya barabarani vinakula zaidi ya hapo. Katika Pinga, ambapo pikipiki haitoki bila magunia ya mihogo au bidoni za mafuta ya mawese, dereva atazijaza zile kilo 15 kwa mzigo mwingine kabla hajafika njiani. Hesabu ya Leipzig haikupigwa kwa barabara ya Pinga.

Hata hivyo wepesi una thamani hapa, ila kwa sababu nyingine ambayo hakuna kiwanda kinachoiandika kwenye karatasi zake. Kwenye njia za Pinga kuna siku ambapo si pikipiki inayombeba mtu, ni watu wanaoibeba pikipiki. Daraja la miti limekwenda na maji, basi vijana wanne wanaishika, wawili mbele na wawili nyuma, wanaivusha mabegani. Matope yanafika kwenye mhimili wa gurudumu, basi inainuliwa. Kila aliyewahi kusafiri kutoka Pinga kwenda Kalembe na Mweso wakati wa mvua anajua bei ya kazi hiyo. Pikipiki ya umeme iliyoongezewa batri ya kilo 20 bila kupunguziwa kitu itakuwa adhabu kwa mabega hayo. Batri inayochomolewa ikabebwa peke yake, na fremu nyepesi inayoshikika vizuri, vinabadilisha mambo.

Tena kuna swali la pili, ambalo ni zito kuliko la kwanza: kikivunjika, nani atakitengeneza?

Chuma kina tabia nzuri ya kusema kabla ya kufa. Kinapinda, kinaonyesha ufa, na fundi mwenye posti ya kusudia na jenereta anakirudisha kazini. Kompoziti ya kaboni haifanyi hivyo. Inaweza kupigwa na jiwe, juu ikabaki na rangi nzuri, kumbe ndani tabaka zimeachana, halafu inakatika ghafla siku ya mzigo. Haisudiwi. Haifuliwi kwa nyundo. Kuitengeneza kunataka sehemu kavu, resini mpya isiyopita muda, na jicho lililofundishwa. Nyuzi za kioo zina huruma zaidi: fundi aliyefundishwa anaweza kusugua sehemu iliyovunjika, akaweka kitambaa kipya cha nyuzi na resini, akangoja ikauke. Lakini vumbi la kusugua linaingia kwenye mapafu na kuwasha ngozi, na hakuna anayepaswa kulisugua bila kujifunika pua na mdomo. Mradi utakaoleta bodi za namna hiyo bila kuleta mafunzo, maski na resini utaacha mafundi wakikohoa na mashine zikilala chini ya miti.

Na ikishakufa kabisa, inakwenda wapi? Ujerumani ya Mashariki ilikuwa na gari lililoitwa Trabant, lililotengenezwa kuanzia 1957 hadi 1991. Chuma cha bodi kilikuwa haba, basi wakachukua mabaki ya pamba na resini, wakayabana kwa joto. Ilikuwa akili nzuri ya nchi yenye upungufu, magari karibu milioni 3. Siku yalipoachwa, bodi zake hazikuyeyuka kama chuma, na kuzichoma kulitoa moshi mbaya. Watu wa Pinga wanaijua hali hiyo kwa udogo wake: bache iliyochoka jua inameguka vipande vipande, haifuniki tena, haiozi, na jioni mtu anaichoma jikoni ili awashe moto. Watoto wanavuta moshi huo.

Kwa hiyo msimamo unaofaa si kuikataa pikipiki ya umeme. Sababu za kuitaka zipo. Esansi inafika Pinga kwa bidoni, ikiwa imepanda bei kila kizuizi, na njia ikifungwa siku tatu inakuwa bidhaa ya wenye nacho. Kigali, kampuni ya Ampersand imeendesha pikipiki za umeme za abiria tangu 2019, dereva akibadilisha batri iliyokwisha kwa iliyojaa badala ya kungoja. Nairobi, kampuni ya Roam inatengeneza pikipiki za umeme zake. Chuo Kikuu cha Makerere kilitoa gari dogo la umeme la viti viwili, Kiira EV, mwaka 2011, na mwaka 2016 Kampala ikaona basi la Kayoola la viti 35 lenye paneli za jua juu ya paa. Majirani hawajangoja Ulaya. Tofauti ni kwamba Kigali ina lami na umeme. Pinga itategemea paneli za jua, na paneli inayochaji simu za kijiji haitoshi kujaza batri ya kiloweti-saa 3 kwa siku moja.

Kosa lingekuwa kupokea kilichotengenezwa kwa lami ya Kigali, kikiwa na vifuniko vya plastiki ngumu vinavyovunjika kwenye anguko la kwanza, na kukiita maendeleo ya Pinga.

Kivu Kaskazini ina chombo chake kilichokwisha kujibu maswali yote mawili, la uzito na la matengenezo. Ni chukudu. Imechongwa kwa mbao za mikaratusi na miti mingine migumu, gurudumu la mti limevishwa kipande cha tairi, na inabeba kilo mia kadhaa za makaa, viazi au mbao. Goma imeijengea sanamu. Mtu wa mjini anacheka akisikia chukudu ikitajwa pamoja na magari ya umeme, lakini mhandisi hacheki: ile ni fremu ya kompoziti iliyotengenezwa na mvua na udongo. Ikivunjika mguu, fundi anachonga mwingine kwa panga na randa siku hiyohiyo. Udhaifu wake unajulikana pia. Kwenye mlima inasukumwa kwa jasho la mtu, na kwenye mteremko breki yake ni kandambili au kipande cha mpira.

Mota ndogo na batri ndogo kwa ajili ya kupanda tu, na breki ya kweli kwa ajili ya kushuka, zingeifaa chukudu kuliko mambo mengi yanayozungumzwa kwenye semina. Kampala mafundi wa Boogaali wanatengeneza baiskeli kwa mianzi, na viungo wanavifunga kwa lubugo, kile kitambaa cha gome la mti cha Waganda, kilicholowekwa kwenye gundi ngumu. Mianzi inaota pia katika milima ya Masisi. Hakuna siri katika kazi hiyo isiyoweza kufundishwa katika karakana ya shule ya ufundi kwa miezi michache.

Kuna pingamizi, na ni la haki. Gundi yenyewe itatoka nje. Mianzi isiyokaushwa na kutiwa dawa inaliwa na wadudu, na unyevu wa Walikale hausamehe. Mti haufanani na mti mwingine, kwa hiyo fremu mbili zilizotengenezwa na mkono mmoja hazitakuwa na nguvu sawa. Yote ni kweli. Lakini kugombana na mdudu na unyevu ni kazi ambayo wachongaji wa chukudu wameifanya miaka mingi, na kidebe cha resini kinabebeka begani kutoka Goma. Fremu ya kaboni iliyopasuka haina pa kupelekwa.

Wapo watakaosema kwamba familia zilizohama makwao zina haja ya chakula, dawa na amani kabla ya mota. Hawakosei. Lakini wafikirie jinsi mgonjwa anavyofika hospitalini Pinga kutoka vijiji ambako pikipiki haipiti. Anabebwa kwa tipoyi. Miti miwili mirefu, blanketi au kiti katikati, wanaume wanne wanabeba na wengine wanne wanatembea kando kupokezana, saa nyingi, mara usiku. Mama mwenye uchungu wa kuzaa ndiye mzigo huo. Na waliohama wako mbali na wanaume wa ukoo wao, kwa hiyo kupata mabega manane si rahisi kama ilivyokuwa kijijini mwao. Hapa ndipo kilo 15 zina maana yake halisi. Kigari cha gurudumu moja au mawili, chenye fremu ya mianzi au mti mwepesi, mota ya kusaidia mlimani, batri inayochomolewa, kinachosukumwa na watu wawili badala ya kubebwa na wanane, na kinachoweza kuinuliwa kuvuka mto pamoja na mgonjwa wake, kingekuwa gari la umeme la kwanza lenye haki ya kuingia Pinga. Pikipiki za biashara zifuate baadaye.

Kumbukumbu ya Bisie inasaidia kuliona hilo. Kabla kampuni haijafungua barabara yake, kasiterite ilitoka mgodini kwa migongo ya vijana, magunia ya kilo 50, siku mbili za msitu mpaka Njingala. Kutoka hapo ikapanda ndege ndogo zilizotua kwenye barabara ya lami pale Kilambo. Bati hiyo imo ndani ya vyombo vingi duniani ambavyo leo vinasifiwa kwa wepesi wake. Uzito ulipunguzwa mwisho wa safari, haukupunguzwa mwanzoni. Kuomba sasa kwamba ujuzi wa wepesi urudi kwanza kwa wabebaji si kuomba sadaka.

Mashirika ya kiutu, vyama vya waendesha pikipiki, shirika la raia na wakubwa wa teritware zote mbili wana nafasi ya kulisema hilo mapema, kabla mtu hajafika na pikipiki kumi za picha na hotuba. Wadai kwamba fremu itengenezwe au angalau irekebishwe hapa hapa. Wadai kwamba mafundi wawili watatu, na mmoja awe kutoka kwa waliohama, wafundishwe kazi ya nyuzi na resini pamoja na hatari za vumbi lake. Waandike kwenye mkataba batri iliyokufa itachukuliwa na nani. Na siku chombo kitakapoletwa kuonyeshwa, kisionyeshwe kwenye uwanja mkavu mbele ya ofisi. Kipelekwe mpaka kwenye daraja lililovunjika la karibu, kipakiwe gunia moja la mihogo, na waliokileta wakishike wenyewe pembe nne, wakivushe.